Makosa 14 ya Kiingereza yanayotoka kwenye Kiswahili, na namna ya kuyarekebisha

Tangazo la kazi limetoka. Nafasi ni moja, barua zimejaa mezani. Anayezisoma hana muda wa kumwonea mtu huruma. Anapitia mistari ya mwanzo, akikwazwa na kitu anaiweka barua pembeni na kuchukua nyingine.

Tuseme mojawapo ya barua hizo inasomeka hivi:

"Dear Sir or Madam, Am writing to apply for the post of accounts clerk. Me I have a certificate in accounts. I am working in this field since 2021 and I give clients useful informations about tax. Although I did not attended university, but my results are more better every year. I look forward to hear from you."

Inaeleweka? Kabisa. Mwombaji anajua kazi? Inawezekana sana. Lakini katika mistari hiyo michache kuna makosa manane, na huenda yakamnyima nafasi mtu aliyestahili.

Wengi wakiona barua kama hii hucheka na kusema "huyu hajasoma". Si kweli. Ukiyachunguza makosa hayo moja baada ya jingine, utakuta mengi hayatokani na uzembe. Mwandishi ametunga sentensi kwa Kiswahili, tena Kiswahili sanifu kabisa, halafu akaivika maneno ya Kiingereza. Maneno yamebadilika, mifupa imebaki ileile.

Hali hiyo ina sababu zake. Tanzania, kwa mfano, mtoto wa shule ya msingi ya serikali hufundishwa kwa Kiswahili, kisha akifika kidato cha kwanza anakutana na fizikia na jiografia kwa Kiingereza. Mara nyingi jibu analo kichwani, sentensi ya kulibeba ndiyo hana. Kenya watoto hukutana na Kiingereza mapema zaidi, lakini nyumbani na mtaani lugha ni nyingine, na makosa mengi ni haya haya.

Habari njema ni kwamba ukishajua kosa limetoka wapi, kulikamata ni rahisi. Na mara nyingine Kiswahili chenyewe ndicho kinachokuonyesha jibu. Haya hapa makosa 14 yanayosikika kila siku.

1. "Am writing" bila "I"

Kosa: "Am coming." "Am happy to see you."
Sahihi: "I am coming." "I'm happy to see you."

Kwa Kiswahili mtenda yuko ndani ya kitenzi. "Ninaandika" ina "ni-" mwanzoni, na hata ukisema "naandika" kama tunavyoongea mtaani, kila mtu anajua ni wewe. Kitenzi cha Kiingereza hakimbebi mtenda namna hiyo. Ukiacha "I", sentensi haina mwenyewe.

Tatizo jingine ni sikio. "I'm" ikitamkwa haraka inasikika kama "am", basi mtu anaandika alichosikia. Kwenye meseji ya rafiki hakuna neno. Kwenye barua ya kazi, ni kosa katika neno la kwanza kabisa.

2. "Me I think", "My father he works"

Kosa: "My father he works in Dodoma." "Me I don't eat fish."
Sahihi: "My father works in Dodoma." "I don't eat fish."

"Baba yangu anafanya kazi Dodoma." Hiyo "a-" ya "anafanya" inamrudia baba, na bila yake sentensi haisimami. Mzungumzaji anaitafsiri kuwa "he", kwa hiyo baba anatajwa mara mbili. Ndivyo inavyokuwa kwa "mimi ninaona" inayogeuka "me I see".

Ndugu wa kosa hili ni "The book which I bought it". Chanzo ni "kitabu nilichokinunua", ambapo "-ki-" inakirudia kitabu. Kiingereza kinataka "The book which I bought", basi. Kanuni ni moja: kilichokwisha kutajwa usikitaje tena.

3. "He" na "she" kuchanganywa

Kosa: "My wife is outside, he is in pain."
Sahihi: "My wife is outside, she is in pain."

Kiswahili hakijali kama ni mwanamke au mwanamume. "Anaumwa" inamfaa yeyote. Kwa hiyo hata mtu anayeongea Kiingereza vizuri hujikwaa hapa, hasa akiwa na haraka au wasiwasi.

Ukiwa kijiweni mtacheka yaishe. Lakini ukiwa hospitali na daktari asiyejua Kiswahili, atatoka nje kumtafuta mwanamume. Dawa ni mazoezi: kila unapomtaja mtu, jizoeze kuongeza sentensi ya pili inayomhusu. "My sister lives in Tanga. She sells fish." Rudia mpaka ulimi uzoee.

4. "Did not attended", "Did you went?"

Kosa: "I did not went." "Did you received my message?"
Sahihi: "I did not go." "Did you receive my message?"

Hapa Kiswahili kinakusaidia. "Nilienda" ikikanushwa inakuwa "sikuenda". Ile "-li-" imeondoka, kwa sababu "-ku-" imeshaubeba wakati uliopita. Hakuna anayesema "sikulienda".

Kiingereza kinafanya hivyo hivyo. "Did" ikishaingia, imeubeba wakati uliopita peke yake. Kitenzi kinachofuata kinabaki cha kawaida: go, eat, attend, receive. Ukisikia unasema "didn't went", kumbuka "sikulienda". Utaona aibu, utajirekebisha.

5. "I am working here since 2021"

Kosa: "I am working here since 2021." "I am waiting since two hours."
Sahihi: "I have been working here since 2021." "I have been waiting for two hours."

"Nafanya kazi hapa tangu 2021" ni Kiswahili safi. Kiingereza kina taratibu nyingine: jambo lililoanza zamani na bado linaendelea huchukua "have been" au "has been".

Na hapo kuna mtego wa pili. "Since" hufuatwa na mwanzo: since 2021, since Monday, since this morning. "For" hufuatwa na muda: for two hours, for five years. Jiulize tu kama ungesema "tangu" au "kwa muda wa". "Tangu" ni since, "kwa muda wa" ni for.

Angalia pia "nimemwona jana". Mtaani inasemwa sana, na inazaa "I have seen him yesterday". Ukitaja wakati uliokwisha kama jana, juzi au mwaka jana, "have" inaondoka: "I saw him yesterday."

6. "Informations", "equipments", "advices"

Kosa: "Thank you for your advices." "We need more equipments."
Sahihi: "Thank you for your advice." "We need more equipment."

"Vifaa" ni wingi, kwa hiyo mtu anaongeza "s" aupate wingi huo. Lakini kwa Kiingereza maneno haya hayahesabiki: information, equipment, advice, furniture, luggage, homework, news. Hayachukui "s" ya wingi, na "news" yenye "s" tayari huchukua "is": "The news is good."

Kama jambo hili linakushangaza, fikiria sukari. Hakuna anayeenda dukani kuomba "sukari mbili" akimaanisha punje mbili. Anasema kilo mbili za sukari. Kiingereza kinaichukulia "information" kama sukari. Ukitaka kuihesabu unasema "two pieces of information".

Maji nayo yanaleta shida kinyume chake. Kwetu "maji yamekwisha" ni wingi, kwa hiyo mtu anasema "the water are finished". Kwao water ni umoja: "The water is finished."

7. "More better" na "tall than me"

Kosa: "This phone is more better." "She is tall than me."
Sahihi: "This phone is better." "She is taller than me."

Kwa Kiswahili sifa haibadiliki. Mrefu ni mrefu, tunaongeza "zaidi" au "kuliko" kazi ikaisha. Kiingereza kinabadilisha neno lenyewe. Maneno mafupi huchukua "er": taller, cheaper, faster. Maneno marefu huchukua "more": more expensive, more beautiful.

Mtu husema ama moja au nyingine. Ndani ya "better" mna "zaidi" tayari, hivyo "more better" ni sawa na kusema "zaidi zaidi".

8. "Although... but"

Kosa: "Although he was sick, but he came."
Sahihi: "Although he was sick, he came." Au: "He was sick, but he came."

"Ingawa alikuwa mgonjwa, lakini alikuja." Sentensi hii husikika kila mahali na haimkeri mtu. "Ingawa" inaandaa, "lakini" inajibu. Kiingereza kinaruhusu kiunganishi kimoja tu. Ukitumia "although", "but" ibaki nyumbani.

Ndivyo ilivyo kwa "kwa kuwa... kwa hiyo". Usiseme "Because it was raining, so I stayed home." Chagua: "Because it was raining, I stayed home" au "It was raining, so I stayed home."

9. "I have hunger", "I hear a bad smell"

Kosa: "I have 30 years." "I hear cold." "I hear a bad smell."
Sahihi: "I am 30 years old." "I am cold." "I can smell something bad."

Kiswahili kina njaa, kina baridi, kina miaka. "Nina njaa, nina miaka 30." Kiingereza hakina vitu hivyo kama mali, kinavisema kama hali: "I am hungry, I am 30." Kwa ndugu zetu wa Bukavu na Lubumbashi mtego ni wa pande mbili, kwa sababu Kifaransa nacho husema mtu ana miaka na ana njaa.

"Kusikia" nako kunafanya kazi nyingi: tunasikia sauti, harufu, baridi, maumivu, hata lugha. Mtu akiulizwa "Do you hear English?" na Mwingereza akiwepo, Mwingereza atadhani wanazungumzia masikio. Sauti ni "hear", harufu ni "smell", maumivu ni "feel", na lugha ni "understand".

10. "Borrow me your pen"

Kosa: "Borrow me your pen." "Please remember me to call her."
Sahihi: "Lend me your pen." "Please remind me to call her."

Neno "kuazima" linatumika kwa anayetoa na anayepokea. "Niazime kalamu" na "nimeazima kalamu" ni kitenzi kilekile. Kiingereza kimewatenganisha: anayetoa ana-lend, anayechukua ana-borrow.

Hapa "kukopa" na "kukopesha" vinasaidia. Borrow ni kukopa, lend ni kukopesha. Jaribu pia na "kumbuka" na "kumbusha": remember ni kukumbuka, remind ni kukumbusha. Ukimwambia mtu "remember me", atadhani unamuaga.

Kwenye fedha kosa hili lina uzito. "I borrowed him 200,000 shillings" inamwacha msikilizaji hajui nani anamdai nani. Ikiwa wewe ndiye uliyetoa, andika "I lent him 200,000 shillings."

11. "Discuss about", "married with"

Kosa: "We discussed about the price." "She is married with a teacher." "I am going to home."
Sahihi: "We discussed the price." "She is married to a teacher." "I am going home."

Kiswahili kina "-ni" inayofanya kazi ya vihusishi vingi kwa mpigo. Niko nyumbani, naenda nyumbani, natoka nyumbani: neno ni lile lile, kitenzi ndicho kinachoeleza. "Kwenye" nayo hivyo hivyo: kwenye basi, kwenye daftari, kwenye mkutano. Kiingereza kinataka on the bus, in the notebook, at the meeting. Hakuna njia ya mkato hapa. Jifunze neno pamoja na kihusishi chake, kama mtu na jina la baba yake.

Lakini kuna vitenzi vya kukariri kwa sababu havitaki kihusishi kabisa. "Tulijadili kuhusu bei" inamfanya mtu aseme "discuss about", wakati ndani ya "discuss" hiyo "kuhusu" imo. "Emphasise" haitaki "on". "Request" ikiwa kitenzi haitaki "for": andika "I request a refund" au "I ask for a refund".

12. "I don't know where is he"

Kosa: "I don't know where is he." "Can you tell me where is the bank?"
Sahihi: "I don't know where he is." "Can you tell me where the bank is?"

Kwa Kiswahili "yuko wapi?" haibadiliki ukiitia ndani ya sentensi nyingine: "sijui yuko wapi". Kiingereza kinapouliza moja kwa moja hupindua maneno: "Where is he?" Swali likishaingia ndani ya sentensi nyingine, maneno yanarudi mahali pake pa kawaida: "where he is".

Na "do", "does" na "did" zinaondoka. Si "I don't know what does she want", bali "I don't know what she wants."

13. "I look forward to hear from you"

Kosa: "I look forward to hear from you." "I enjoy to swim."
Sahihi: "I look forward to hearing from you." "I enjoy swimming."

"Kuogelea" kwa Kiswahili ni neno moja tu. Kiingereza kina mawili: "to swim" na "swimming". Baada ya want, hope, plan na decide huja "to swim". Baada ya enjoy, avoid, finish na "look forward to" huja "swimming".

Mara nyingine tofauti hiyo hubadili maana kabisa. "He stopped smoking" ni mtu aliyeacha sigara. "He stopped to smoke" ni mtu aliyesimama kidogo ili avute. Mmoja ameokoa mapafu, mwingine ameyaongezea moshi.

Kwa kuwa "I look forward to hearing from you" hufunga barua nyingi, ikariri kama ilivyo.

14. "Yes" pale inapotakiwa "No"

Hili ndilo la mwisho, na huenda ndilo la hatari kuliko yote.

Mama anamuuliza mtoto: "Hujala?" Mtoto anajibu: "Ndiyo." Maana yake, ndiyo, ni kweli ulivyosema, sijala. Kiswahili kinajibu kauli ya aliyeuliza: ukikubaliana naye ni ndiyo, ukimpinga ni hapana.

Kiingereza hakijali aliyeuliza kasemaje. Kinaangalia jambo lenyewe. Kama hujala, jibu ni "No", hata swali likiwa "Haven't you eaten?" Kama umekula, jibu ni "Yes".

Kosa: "Haven't you eaten?" "Yes." (wakati hujala)
Sahihi: "Haven't you eaten?" "No, I haven't."

Sasa liweke swali hilo pahali pake. Mgonjwa anaandaliwa kwa upasuaji, daktari mgeni anauliza: "You don't have any allergies?" Mgonjwa asiye na mzio anajibu "Yes", akimaanisha ndiyo, sina. Daktari anaweza kuelewa kwamba mzio upo. Au afisa wa viza anauliza: "You have never been refused a visa?" Mwombaji ambaye hajawahi kunyimwa anajibu "Yes" kwa moyo mweupe. Afisa abaki na lipi?

Kinga ni rahisi: usijibu kwa neno moja. Sema sentensi nzima. "I have no allergies." "I have never been refused." Ukisema hivyo hakuna wa kukuelewa vibaya, hata "yes" na "no" zikikuchanganya.

Namna ya kujikagua kabla ya kutuma

Huhitaji kukariri kitabu kizima cha sarufi. Kabla ya kutuma barua au imeili ya maana, fanya mambo manne.

Kwanza, isome kwa sauti. Ulimi hukwama mahali ambapo jicho limepita bila kuona.

Pili, gusa kila kitenzi na uulize: mwenyewe yuko wapi? Kama hayupo, mwongeze. Kama yupo mara mbili, mpunguze.

Tatu, katakata sentensi ndefu. Kiswahili kinavumilia sentensi inayotiririka kwa koma kutoka juu hadi chini ya ukurasa. Kwa Kiingereza sentensi mbili zilizokamilika haziunganishwi kwa koma peke yake. "I finished school in 2020, I started work in 2021" inahitaji nukta katikati, au "and".

Nne, usiiachie simu kazi yote. Programu ya kusahihisha tahajia itakamata neno lililoandikwa vibaya, lakini "My wife... he" inaweza kupita bila kuguswa, kwa sababu kila neno peke yake limeandikwa sawa.

Na kwa wanaopenda kucheka wenzao: anayekosea kwa lugha ya pili ana lugha ya kwanza anayoijua barabara. Mwingereza anayejifunza Kiswahili naye atakuambia "kitabu yangu mzuri" bila aibu, na utamwelewa, utamrekebisha, maisha yataendelea. Mwanafunzi anayechekwa darasani hatajifunza kusema vizuri. Atajifunza kunyamaza, na mtu aliyenyamaza hapati nafasi ya kurekebishwa.

Barua ile, baada ya kurekebishwa

"Dear Sir or Madam, I am writing to apply for the post of accounts clerk. I have a certificate in accounts. I have been working in this field since 2021 and I give clients useful information about tax. Although I did not attend university, my results are better every year. I look forward to hearing from you."

Mwombaji ni yule yule. Cheti ni kile kile, kazi ni ile ile, miaka ni ile ile. Yaliyobadilika ni maneno machache tu, lakini sasa anayesoma hana sababu ya kuiweka barua pembeni.